Neno Lisilotamkwa na Mkaza Mwana wa Msiki

Kwetu sisi Waxhosa, mwanamke akiolewa halitamki jina la baba mkwe wake, wala neno lolote lililobeba jina hilo. Nomaphelo, ambaye ukweni humwita MaDlomo, aliolewa na mwana wa mzee Msiki, na jina Msiki limetokana na neno letu la kukata. Basi tangu aolewe hakuwahi kukata mkate; aliupasua. Nyama aliipasua, hata kucha za wanawe alizipasua. Sisi wanaume tulicheka, maana mzigo haukuwa wetu.

Kazi yake ilikuwa ukalimani katika mahakama ya mji wetu, na mimi ndiye mwita kesi. Kwa kupambanua maneno alikuwa hodari. Jeraha lililokatwa ni la kitu chenye makali, lililopasuka ni la kitu butu, na MaDlomo hakuyachanganya hata mara moja. Pale kazini neno la kukata alilitamka, kwa sauti ya chini, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa ukweni wa kumsikia.

Hadi ilipokuja kesi ya Lizo. Kijana huyu alipigana na mtoto wa ndugu yake mzee Msiki kwenye sherehe, mwenzake akaumia kichwani. Lizo alisema alitumia fimbo. Mwenzake akashikilia kuwa ni kisu. Vijana wetu hucheza kwa kupigana fimbo, basi fimbo kwetu ni mchezo ulioharibika. Kisu ni miaka gerezani. Siku hiyo mzee Msiki alikuja mwenyewe, akaketi kiti cha mbele, kofia magotini.

Mwendesha mashtaka akamuuliza Lizo kwa Kiingereza kama alimkata mwenzake. MaDlomo akamtupia jicho mzee.

"Ulimpasua?"

"Ndiyo, mama," Lizo akajibu bila kusita. "Nilimpasua."

Ndiyo yetu kila mtu pale anaijua, hata wasiojua lugha yetu. Mwendesha mashtaka akatabasamu, hakimu akainua kalamu. MaDlomo akamtazama Lizo, akamtazama mzee. Huku kiapo cha ukalimani, huku ukwe. Nilimwonea huruma, lakini mwita kesi hana la kusema.

Mwishowe akamwambia hakimu kwamba swali amelifikisha vibaya, akaomba kuliuliza upya. Safari hii hakunong'ona.

"Lizo, sikiliza. Ulimkata?"

"Kumkata? Hapana, mama. Ningemkata na nini? Mimi nilikuwa na fimbo."

Mzee Msiki akainuka, akavaa kofia humo humo mahakamani, akatoka.

Daktari naye alipoitwa alisema jeraha lilipasuka. Lizo akaponea gereza. Jioni MaDlomo alilikuta blanketi lake limewekwa langoni, mama mkwe amesimama kando yake.

"MaDlomo, nenda kwenu ukalete kinywa kingine."

Akaenda, watoto wakabaki. Alirudi na kondoo wa kuomba radhi, kama ilivyo desturi. Kondoo akapokewa, naye akapokewa, kwa sharti moja: mahakamani asikanyage tena. Alikubali. Watoto walikuwa ndani ya nyumba ile, angefanyaje?

Juzi nilipita kwao nikamkuta akiwagawia watoto mkate.

"Nipasulie na mimi, MaDlomo," nikamtania.

Hakucheka. Alinipa kipande kikubwa, akaniuliza ni nani anayewasemea watu mahakamani siku hizi.