Mluzi wa Baba Kwenye Penati ya Kabula

Jamani, leo ng'ombe wa baba wameingilia mechi ya kimataifa.

Mdogo wangu Kabula ni golikipa wa timu ya taifa ya hoki ya mabinti. Yuko nje ya nchi kwenye mashindano, sisi huku Litapunga tumejazana uani, tunamwangalia laivu kwenye simu yangu.

Mechi inaisha, tunaongoza bao moja. Wapinzani wakapewa penati!

Mama kafumba macho.

Baba, aliyechunga tangu utoto, uzalendo ukamshinda. Akapiga ule mluzi wa kurudisha ng'ombe, eti mpira urudi.

Mpira sijui. Ng'ombe walirudi. WOTE.

Wakapita juu ya mahindi ya jirani yaliyoanikwa, wakapiga kumbo meza, simu ikaruka huko. Kila mtu na fimbo yake, penati hakuna aliyeiona.

Bado tunawafukuza, simu ikaita. Kabula, anahema:

"Baba, mmeona nilivyozuia?"

Tukaangaliana. Nyuma ya baba, dume moja linatafuna mahindi ya watu. Baba akamjibu:

"Tumeona, mama. Umezuia vizuri kutuzidi sisi."

Nyie, mwenye klipu ya hiyo penati anitumie haraka. Kabula kasema atapiga tena jioni tuichambue.