Malkia Asiyeanguka Shimoni

Mwaka niliosoma darasa la sita, katikati ya miaka ya sabini, shuleni kwetu Isiolo aliletwa mwalimu mpya wa historia. Alikuwa msichana kutoka Meru, mfupi, mwenye sauti kubwa kuliko mwili wake. Siku ya kwanza alituuliza malkia ni nani. Tukajibu kwa pamoja kwamba malkia ni mke wa mfalme.

"Wengine ndio," akasema. "Na wengine wametawala wao wenyewe. Hawakuazimwa kiti na mume."

Akatuambia kwamba huko Ethiopia, ambako wengi wetu tulikuwa na ukoo, mwanamke aliwahi kukalia kiti cha enzi wakati babu zetu wakiwa vijana. Akatutajia kisiwa cha Madagaska, kilichotawaliwa na malkia zaidi ya mmoja, na miji ya pwani yetu wenyewe, Pate na Unguja, ambako zamani wanawake walitoa amri na wanaume wakazifuata.

Mvulana mmoja wa Kiturukana, mcheshi wa darasa, akainua mkono. "Mwalimu, sasa mume wa huyo malkia alikuwa anapikiwa na nani?"

Darasa zima likacheka. Mwalimu alingoja tunyamaze, kisha akamwambia, "Mume wa malkia alikuwa na mikono miwili kama wewe."

Jioni hiyo nilifika nyumbani, mtaa wa Bulla Pesa, nikiwa na maneno hayo mdomoni. Tuliishi nyumba ya mabati, baba yangu akiuza mbuzi mnadani, na pamoja nasi aliishi mama yake, ambaye kwa Kiborana tulimwita akko. Nilimkuta ameketi mlangoni akichambua mchele. Nilimweleza kuhusu malkia wa Madagaska nikidhani namletea jambo jipya.

"Hata sisi tulikuwa naye," akasema bila kuinua macho.

Nilikuwa nimeisikia hadithi hiyo tangu utotoni, lakini sikuwahi kuifikiria kama habari ya mtawala. Hapo zamani, Waborana walitawaliwa na mwanamke. Alikuwa mkali, na alipenda kuwapa wanaume kazi zisizowezekana. Aliwaambia wamjengee nyumba isiyogusa ardhi wala mbingu. Aliwaambia wamletee ngozi ya kushona viatu yenye manyoya pande zote mbili. Wanaume walihangaika mpaka mzee mmoja akawapa majibu. Kuhusu ngozi, akawaambia wakate sikio la punda. Kuhusu nyumba, wamwambie malkia kwamba wako tayari, ila ni desturi mwenye nyumba ashike kigingi cha kwanza huko hewani.

Akko aliisimulia vizuri sana. Alikuwa na sauti ya malkia, nyembamba na ya taratibu, na sauti ya wanaume, nene na ya kulalamika. Lakini kila mara, akishafika kwenye kigingi, alikumbuka kwamba chai inachemka na akaenda kuikoroga. Hadithi iliishia hapo.

Mwisho wake niliupata shuleni. Siku ya wazazi ilikuwa inakaribia, na mwalimu wetu akataka darasa la sita liigize. Nilipopendekeza hadithi ya akko, wavulana wa Kiborana walifurahi kuliko sisi wasichana, kwa sababu wao waliijua yote kutoka kwa babu zao. Katika hadithi ya babu, wanaume walichimba shimo, wakalifunika ngozi ya ng'ombe, wakamkaribisha malkia akae. Akakaa, akatumbukia, na utawala wake ukaisha.

"Lazima kuwe na shimo," walisema.

Mwalimu akakubali. "Sawa. Lakini liwe fupi, na mtie nyasi ndani. Sitaki mtoto avunjike."

Nilichaguliwa kuwa malkia kwa sababu moja tu, nilikuwa mrefu kuliko wote. Rafiki yangu wa Kisomali, ambaye mama yake aliuza maziwa ya ngamia sokoni, akawa mtumishi wangu wa kunishikia mwavuli. Yule mcheshi wa Kiturukana akapewa sehemu ya mzee mwerevu, na akajitengenezea ndevu kwa nywele za mkia wa ng'ombe. Fundi wa mabati alitukatia taji kutoka mkebe wa mafuta ya kupikia. Akko alinipa shuka yake nzuri na shanga zake za kaharabu, kubwa kama ndimu, ambazo hata mama yangu hakuwahi kuruhusiwa kuzigusa.

"Malkia haangalii chini anapotembea," aliniambia huku akinivisha.

"Akko, kuna shimo."

"Hata kama."

Udongo wa uwanja wetu ulikuwa mgumu kama sakafu. Wavulana walichimba kwa zamu, wakaishia kina cha magoti. Wakaomba ngozi mbichi kwa wachuna ngozi wa machinjioni, wakaitandaza juu ya shimo, wakaivuta na kuipigilia vigingi pande zote ili mbwa wasiichukue. Walitakiwa kuving'oa vigingi asubuhi ya siku ya wazazi. Badala yake waliamka wakafikiria jinsi ya kuificha, wakamwaga mchanga juu yake, na vigingi vikafunikwa pamoja na ngozi. Kufikia hapo, jua la Isiolo lilikuwa limeikausha vizuri.

Watu walijaa siku hiyo. Wanaume walikaa kwenye viti chini ya turubai: mwalimu mkuu, chifu, wazee wa mtaa wa Chechelesi, wafanyabiashara wa mifugo pamoja na baba yangu. Akina mama walikaa chini, kwenye jua, wamejifunika leso vichwani. Ndivyo ilivyokuwa kila mwaka na hakuna aliyeona ajabu.

Tulianza vizuri. Niliingia na mwavuli wangu, taji likinichoma masikio, nikaagiza nyumba ya angani. Kabla wavulana hawajafungua midomo, wazee chini ya turubai walikuwa tayari wamejibu kwa Kiborana kwamba nishike kigingi cha kwanza mimi. Watu wakacheka. Nilipoagiza ngozi ya manyoya pande mbili, hata watoto wa darasa la kwanza walipiga kelele, "Sikio la punda!" Mcheshi wetu mwenye ndevu akawageukia watazamaji akasema, "Basi njooni muigize nyinyi."

Kisha tukafika kwenye shimo. Wavulana waliinama mpaka chini wakanionyesha kwa mikono mahali pa kukaa. Nilishika shanga za akko zisikatike, nikafumba macho, nikakanyaga ngozi.

Haikutokea kitu.

Nilifumbua macho. Nilikuwa nimesimama katikati ya ngozi, na ngozi imenyooka kama meza. Mcheshi alisogea karibu, akanong'ona ndani ya ndevu zake, "Anguka."

"Haishuki," nikamwambia.

"Ruka."

Nikaruka. Ngozi ikalia kama ngoma. Nikaruka tena, ikalia tena, na akina mama wa Kiturukana waliokuwa wameketi mbele wakaanza kupiga makofi kwa kufuata mlio wake. Nilikuwa nyepesi, sina nyama, na nadhani ningeruka mpaka jioni. Mmoja alipiga kigelegele, kisha wote. Wavulana walisimama wakitazamana. Mchezo wetu haukuwa na mwisho mwingine.

Hapo nikasikia sauti ya akko kutoka katikati ya wanawake. Hakupaza sana, lakini watu walikuwa wamenyamaza kuona kitakachotokea. "Kama haanguki, basi atawale."

Nilimtazama mwalimu wangu. Alikuwa amefunika mdomo kwa mkono, mabega yakitikisika kwa kicheko. Akanifanyia ishara kwa mkono wa pili kwamba niendelee.

Niendelee na nini? Nilikuwa mtoto wa darasa la sita juu ya ngozi kavu. Niliangalia huku na huku nikitafuta amri. Nikamwona mama yangu amejikinga uso kwa kiganja, kando yake mama wa rafiki yangu akipepea kitoto kwa ncha ya leso. Nikawaona wanaume kivulini. Maneno yalitoka yenyewe, kwa ile sauti nyembamba ya taratibu ya akko.

"Malkia anaamuru," nikasema, "wazee wawapishe akina mama kwenye kivuli."

Rafiki yangu alinong'ona nyuma yangu, "Wallahi leo tutachapwa," na mwavuli ukaanza kutetemeka juu ya kichwa changu.

Mzee mmoja wa Chechelesi, mwenye kilemba cheupe, ambaye watoto wote tulimwogopa, aliegemea fimbo yake na kuinuka polepole. "Mimi sitaki kupelekwa kutafuta sikio la punda," alisema, akatoka kivulini akaenda juani. Kicheko kilichofuata kililitikisa turubai. Mwalimu mkuu akainuka, chifu akainuka akichukua kofia yake, na baada yao hakuna aliyeweza kubaki ameketi. Baba yangu alibeba kiti chake mwenyewe mpaka alipokaa mpishi wa uji wetu, mama mnene mwenye miguu inayouma, akamwambia, "Karibu, mama. Ni amri." Akina mama waliingia kivulini wakisukumana kama wasichana. Akko alikaa kwenye kiti cha chifu, akapanga shuka yake magotini, akanitazama kama mtu aliyezoea kukaa hapo.

Nilitoa amri moja zaidi, kwamba wavulana ndio wagawe chai. Mcheshi alizunguka na birika, ndevu zikiingia vikombeni, na kila mama akimwambia amwongezee sukari.

Hatukuchapwa. Tulipokuwa tukirudi nyumbani nilimuuliza akko kwa nini hakuwahi kuniambia habari za shimo.

"Mimi nami nilisimuliwa na akko yangu," akasema. "Naye kila mara alikuwa na chai ya kukoroga. Hilo shimo nililisikia kwa wanaume nikiwa nimeshaolewa."

Mwaka uliofuata, siku ya wazazi, tulikuta maturubai mawili yamefungwa uwanjani, na viti vya kutosha pande zote. Hakuna aliyetangaza mabadiliko hayo wala kueleza ni nani aliyeamua. Mwalimu wetu alihamishiwa shule nyingine muda si mrefu baadaye, lakini kabla ya kuondoka alikuja Bulla Pesa kumuaga akko. Walikaa mchana mzima wakicheka, mmoja akizungumza Kiswahili chenye Kimeru ndani yake na mwingine Kiswahili chenye Kiborana, na sidhani walielewana zaidi ya nusu.

Yule mcheshi alikuja kuwa mfugaji upande wa Gotu. Miaka ya themanini nilikuwa karani mjini, nina watoto wawili, na siku za mnada nilikutana naye mara kwa mara akileta mbuzi. Kila aliponiona, hata akiwa upande wa pili wa barabara, alisimamisha mifugo yake, akavua kofia mbele ya watu wote.

"Habari ya utawala?" aliniuliza.

"Ni njema. Ninunulie chai na mandazi."

Naye aliwakabidhi wenzake mbuzi, akanitangulia hotelini, akanivutia kiti.