Mbuzi Wangu na Sili wa Barafuni

Shule yetu pale Ishiara ilikuwa na chama cha kutetea wanyama, na mnyama tuliyepewa kumtetea alikuwa sili. Huyu huishi baharini, ana masharubu ya paka, na wakati wa baridi kali huzaa juu ya barafu, ambako watu humwendea na marungu. Hayo tuliyajua kutoka kwenye bango la wafadhili. Barafu yenyewe hatukuwahi kuiona. Ishiara hata maji ya mtungini huwa vuguvugu. Punda wa sokoni walipita dirishani na vidonda mgongoni, lakini hao hawakuwa na bango.

Ikatangazwa kwamba mfadhili mmoja, mama wa Kizungu, angekuja kututembelea. Katika mkutano wa wazazi mtu alipendekeza achinjiwe kuku. Baba yangu, mwenyekiti wa kamati, alikasirika.

"Huyu ni mgeni wa wanyama," akasema. "Huyo hawezi pewa kuku. Ni mbuzi."

Kwetu mgeni wa heshima asipochinjiwa mbuzi ametukanwa, kwa hiyo hakuna aliyebisha. Mbuzi mnono aliyekuwa karibu alikuwa wangu. Nyanya alinipa akiwa mchanga, mama yake amekufa, nikamlea kwa chupa hadi akawa ananifuata mpaka lango la shule. Nilimsihi baba, nikamsihi tena. Alijibu kwamba mtoto wa mwenyekiti haaibishi shule mbele ya wageni.

Siku ilipofika, mimi ndiye niliyechaguliwa kukariri shairi. Nilisimama nikimwombea sili mdogo anayemlilia mama yake barafuni, na moshi wa nyama ukanijia moja kwa moja puani. Shairi halikuisha. Nililia kwa kwikwi. Mgeni naye akalia, akanikumbatia, akanipiga picha, akasema kupitia kwa mwalimu kwamba hajawahi kuona mtoto anayewapenda sili kiasi hiki. Nilimchukia yeye na sili wake wote.

Chakula kikaletwa. Sahani ya mbavu ikawekwa mbele yake, wazazi wakangoja aonje. Mwalimu akatafsiri kwa sauti ya chini: mgeni hagusi nyama, kwa kuwahurumia wanyama. Akajipakulia kabichi.

Sahani ya mgeni hairudishwi jikoni. Baba alitazama huku na huku, kisha akaisukuma hadi kwangu.

"Kula," akaniambia. "Umewatetea wanyama vizuri."

Nikala huku nalia, na mgeni akanipiga picha ya pili.