Ng'ombe Akikubali, Tutaenda Pwani

Mama yangu aliishi akatimiza umri wa kuitwa kogo, yaani bibi, na kila mtoto wa kijiji bila kuiona bahari. Ziwa alikuwa ameliona, tena kwa mbali. Asubuhi ambayo mvua ya usiku imeosha anga, ukipanda hadi mwisho wa shamba letu la chai, huku juu kidogo ya Sosiot, unaweza kuona mstari mweupe upande wa Kisumu. Mama alikuwa akisimama pale na kikapu mgongoni, anatazama, halafu anarudi kuchuma. Kwake hiyo ilitosha.

Aliyeharibu mambo ni jirani yetu, mama mmoja aliyetoka huko ziwani akiwa msichana, akaajiriwa kwenye mashamba makubwa ya chai na kuzeekea hapa hapa kwetu. Siku moja walipokuwa wakipanga majani kwenye gunia, alimwambia mama kwamba ziwa si kitu. Mwanawe alikuwa amefanya kazi Mombasa na alimpeleka huko mara moja. Maji hayana ng'ambo, alisema, na ukiyaonja ni chumvi tupu.

Mtu mwingine angeuliza kuhusu hayo maji yasiyo na ng'ambo. Mama alishika neno la chumvi.

"Chumvi yote hiyo," alisema, "na sisi ng'ombe zetu tunanunulia kwa duka."

Msicheke. Sisi ni watu wa ng'ombe kwanza, chai ilikuja baadaye. Babu yangu alikuwa akiswaga ng'ombe mwendo mrefu kuwapeleka kulamba udongo wa chumvi, na mama alikulia kwenye masimulizi hayo. Kwa hiyo wenzake walipoota Pwani kwa ajili ya mchanga na upepo, yeye alitaka kwenda na mtungi mdogo wa manjano, aujaze bahari, amletee ng'ombe wake. Nilimwambia maji ya bahari hayafai ng'ombe. Alinijibu kwamba atachanganya na ya mvua, na kwamba mimi nimesoma lakini sijawahi kuzalisha ndama.

Mimi ni mtu wa mipango, na sioni haya kusema hivyo. Kazi yangu ni katika ofisi ya shule mjini, na safari za wanafunzi hupita mikononi mwangu: basi, malazi, chakula, nani atakaa na nani. Sijawahi kushindwa na safari. Basi mimi na ndugu yangu, ambaye anaishi Nairobi na ana gari kubwa la familia, tulikaa tukapanga. Angekuja kutuchukua, tushuke hadi Mombasa, tuvuke Likoni kwa feri twende Diani, halafu turudi na kuifuata bahari kwenda juu, Kilifi, Watamu, hadi Malindi, tukisimama popote mama atakaposema tusimame. Kila mara ndugu yangu alipokuja nyumbani aliketi jikoni na simu yake, anamwonyesha mama picha za kila mahali.

"Buda, hapa ndio Watamu," alimwambia baba, kisha akamgeuzia mama simu. "Mathe, cheki hiyo mchanga. Nyeupe hivyo tu."

Mama alivaa miwani, akatazama kwa makini.

"Na nyasi iko wapi?"

"Hakuna nyasi, mathe. Ni beach."

"Sasa ng'ombe zao zinakula nini?"

Hivyo ndivyo alivyopima Pwani yote. Daraja la Kilifi alilipenda kwa sababu kwenye pembe ya picha kulikuwa na mbuzi.

Lakini hatukuenda. Hatukuenda mwaka ule, wala uliofuata, wala ule mwingine, kwa sababu ng'ombe wa mama hakukubali kukamuliwa na mtu mwingine. Alikuwa ng'ombe wa rangi ya majivu, mwenye maziwa mengi na roho mbaya. Akishikwa na mkono asioujua, anaficha maziwa. Unavuta chuchu mpaka vidole vife ganzi, na ndoo inabaki kavu. Ukizidi kumsumbua anakupiga teke. Tulijaribu kijana wa kuajiriwa, akaondoka kabla ya chai ya saa nne akichechemea.

Ndugu yangu alipendekeza tungoje ng'ombe akauke maziwa. Mama alimtazama kwa huruma.

"Ikikauka ni kwa sababu iko karibu kuzaa. Sasa niache ng'ombe inazaa niende kuogelea?"

Na akishazaa, ndama ni mchanga. Na ndama akikua, maziwa ni mengi. Nilikaa nikalitazama lile duara nikaona halina mlango. Nilikasirika sana. Nilimwambia mama kwamba anamtumikia mnyama. Alisema ndiyo, na huyo mnyama ndiye aliyenipeleka chuo.

Aliyefungua mlango ni mama mwenyewe. Jioni moja baba alikuwa anakunywa chai, hana habari, mama akamwambia, "Mzee, wewe ndiye utakamua."

Lazima nieleze uzito wa maneno hayo. Baba ni mzee wa heshima, mtu anayeitwa kuamua mipaka ya mashamba. Kwetu, wanaume wa rika lake hawachuchumai chini ya ng'ombe. Hiyo ni kazi ya mama na watoto. Baba aliweka kikombe chini. Nilingoja ngurumo. Alisema tu, "Itanipiga."

"Haitakupiga ukinukia kama mimi."

Asubuhi iliyofuata alimvalisha dastikoti yake, koti jepesi la kukamulia, ile ya samawati ambayo alikuwa akiitundika kwenye msumari mlangoni mwa zizi. Mabega ya baba yalijaa mle ndani mpaka mshono ukalia, na kifungo cha shingoni hakikufika kabisa. Akamfunga kitambaa chake cha kichwani. Kisha akamwambia lazima aimbe, kwa sababu mama hakuwahi kukamua kimya. Alikuwa akimung'unya wimbo wa kanisani, ule ule kila siku, bila maneno. Baba hakuwahi kuimba popote, hata kanisani kwenyewe.

Mama alijificha nyuma ya ukuta wa mabati ili ng'ombe asimwone. Mimi na ndugu yangu tulisimama naye, tumeziba midomo kwa mikono. Ndani tulisikia sauti nene ikiutafuta ule wimbo na kuukosa, na ng'ombe akipumua kwa mashaka. Siku ya kwanza hakutoa hata tone. Siku ya pili alimkanyaga baba mguu. Ndugu yangu alirudi Nairobi akimsimulia kila mtu. Baba hakuacha. Kila asubuhi nilipopiga simu kutoka mjini kumwuliza mama kama ng'ombe amekubali, alisema bado, na kwa mbali nilimsikia baba akifanya mazoezi ya wimbo.

"Ng'ombe ikikubali, tutaenda," mama alikuwa akimaliza hivyo kila simu.

Alikubali siku ambayo nilikuwa nyumbani. Tulikuwa tumesimama tena nyuma ya mabati, na mara tukasikia maziwa yakipiga ndoo, kwanza kwa sauti nyembamba ya bati tupu, kisha nzito, ndoo inajaa. Nilitaka kupiga makofi. Nikamgeukia mama nikaona hacheki. Alizunguka ukuta, akaenda kusimama mbele ya uso wa ng'ombe, akamwambia kwa Kikipsigis kwa sauti ya chini, maneno ambayo nikiyaweka kwa Kiswahili ni haya: Hata wewe umenisahau upesi hivi?

Kisha akacheka, tukacheka sote, baba na kitambaa chake kichwani akicheka kuliko wote.

Tulipanga Desemba, shule zikifungwa. Nililipanga lile jambo kama ninavyojua kupanga. Mama aliazima begi kwa jirani, akashona gauni jipya, akauosha mtungi wa manjano kwa majivu na maji moto, akauanika juu chini kwenye ua ili usiwe na harufu ya mafuta. Kila aliyepita njiani alimwuliza mtungi ni wa nini, naye alimweleza kila mmoja.

Wiki ile ya safari aliamua kumaliza kuchuma kipande cha juu, kwa sababu majani yakikomaa wakati hayupo yangekataliwa kwenye kituo cha kupimia chai. Nilimpigia simu nikamwambia aache. Aliniambia atamaliza mapema. Jirani yetu alikuwa anachuma mstari wa pili. Anasema walikuwa wanaongea juu ya Mombasa, kama feri inatikisika, na mama akauliza swali, na yeye akajibu, na mama hakusema neno tena. Alipoinua macho alimwona ameketi chini katikati ya michai, kikapu bado mgongoni. Waliitana, wakambeba hadi barabarani. Presha, daktari alisema. Jioni mama hakuwepo tena.

Sijui kuandika siku zile. Nakumbuka hema, viti vya plastiki, sufuria za kuazima, watu wengi, na mimi nikiulizwa hiki na kile kwa sababu mimi ndiye mpangaji. Nilipanga. Ndugu yangu alifika na lile gari, viti vimesafishwa, na begi lake la Pwani bado liko nyuma. Hakuwa amekumbuka kulitoa.

Ninachokumbuka vizuri ni jioni ile ya kwanza. Wazee walikuwa wameketi na baba uani, wakiongea taratibu, wakati ng'ombe alipoanza kulia. Kiwele kilikuwa kimejaa. Alilia, akanyamaza, akalia tena, na wanawake jikoni wakaanza kulia upya, wakisema hata ng'ombe anajua. Nami nilitaka iwe hivyo. Nilitaka ajue. Nilitaka akatae kila mkono duniani.

Baba aliinuka katikati ya wazee wenzake. Alienda mlangoni mwa zizi, akatoa dastikoti kwenye msumari, akaivaa. Akafunga kitambaa kichwani. Hakuna aliyecheka wala kugeuza uso. Alichukua ndoo akaingia, na sote mle uani tukasikia ule wimbo usio na maneno, ukitoka kwa sauti ambayo si ya mwenye wimbo. Kisha tukasikia maziwa.

Nilimchukia yule ng'ombe. Nasema nilimchukia kwa moyo wote. Miaka yote ile tulimbembeleza, alimnyima mama kwenda mahali pamoja tu alipotaka kwenda, na sasa alikuwa anatoa maziwa kama kawaida. Kila kitu kilikuwa tayari kwa safari. Gari lilikuwa tayari, begi lilikuwa tayari, na hata ng'ombe alikuwa amekubali.

Baada ya mazishi shangazi zangu walikusanya nguo za mama, wakazifua, wakazigawa kama ilivyo desturi. Gauni jipya lilienda kwa dada yake. Mmoja wao alipofika zizini kuchukua dastikoti, baba alimwambia iache, hiyo ni nguo ya kazi. Shangazi akasema basi aifue tu airudishe. Baba akasema ikifuliwa ng'ombe itakataa. Hakuna aliyebishana, maana sababu ilikuwa ya kweli.

Mtungi wa manjano uliingizwa chini ya kitanda.

Mwaka umezunguka. Juzi ndugu yangu alinipigia simu. Alianza na habari nyingine, akazunguka sana, mwishowe akasema twende tu. Tufuate njia ile ile tuliyomwonyesha mama, tujaze mtungi. Lakini tumchukue mzee. "Hawezi baki peke yake na hiyo ng'ombe, dada," alisema. Nilikubali, na kwa mara ya kwanza tangu mazishi nikahisi ninataka kupanga kitu.

Nilienda nyumbani Ijumaa. Jioni ile baba alikuwa ameitwa kwenye mgogoro wa mpaka akachelewa, na ng'ombe akaanza kulia. Niliingia zizini na sweta yangu ya mjini, bila dastikoti, bila kitambaa, bila kuimba, nikijiandaa kwa teke. Ng'ombe aligeuza kichwa akaninusa, akaendelea kula. Maziwa yakashuka. Nilikamua hadi mwisho, na machozi yalikuwa yananitoka, lakini akili yangu ya mipango ilikuwa imeshaamka: sasa hakuna kisingizio. Hata kijana wa jirani angeweza kukamua, na baba angeweza kusafiri.

Asubuhi nilimngoja mlangoni mwa zizi. Alikuja na ndoo, umande kwenye viatu. Nilimweleza mpango wote, njia yote, kuanzia Diani hadi Malindi. Alinisikiliza vizuri, kama anavyowasikiliza watu wa mipaka.

"Nyinyi nendeni," alisema. "Mjaze hiyo maji ya mama yenu. Mimi niko na ng'ombe."

"Baba, jana nilikamua mimi. Bila hiyo koti. Haikukataa."

"Najua."

"Unajua?"

"Ilikubali kitambo. Kabla hata tupande mahindi. Siku moja nilisahau kuvaa, ikatoa tu."

Alitoa dastikoti kwenye msumari. Ilikuwa imebadilika rangi, imekauka kwa maziwa na matope, mshono wa bega umeachana. Akaingiza mkono mmoja, kisha wa pili. Alifunga vifungo kutoka chini, kimoja kimoja, bila haraka, na alipofika kile cha shingoni kisichomfikia, aliivuta kola pamoja, akaishika kwa mkono mmoja chini ya kidevu, akaingia ndani akianza kuimba.