Mkamwana Wangu Anayenguruma

Watu wa Kimisagara, mtaa wetu hapa Kigali, wakikutana nami njiani huuliza kwanza habari za mkamwana, zangu baadaye. Sikasiriki. Nimewashonea nguo tangu nywele zangu zikiwa nyeusi na hakuna aliyewahi kuuliza habari za cherehani yangu. Lakini mke wa mwanangu ni mwimbaji wa bendi ya Ukraine, bendi ya muziki wanaouita hevi metali, yaani chuma kizito, na mwenye mkamwana kama huyo lazima akubali kuwa mtu wa pili nyumbani kwake.

Mwanangu alikwenda kusoma huko, mambo ya umeme. Vita vilipoanza akarudi, na mke mkononi. Kila mmoja alikuwa na begi moja. Mke wangu alifungua la bibi harusi ili amfulie, akakuta fulana nyeusi tupu, na katikati maikrofoni imeviringishwa ndani ya sweta kama mtoto mchanga.

"Huyu kafiwa na nani?" akaniuliza. "Mbona nyeusi zote?"

Nikamwambia nyamaza, mtu aliyekimbia vita haulizwi rangi ya nguo. Ikachukua muda tujue kwamba hakuna aliyefiwa. Ndiyo sare yao.

Kiswahili amejifunza kwangu, kwa hiyo makosa yake ni yangu. Mimi shule niliishia darasa la tatu, nikakimbilia kwa baba yangu, naye alikuwa fundi, na baba yake alikuja huku na misafara ya wafanyabiashara kutoka upande wa Ujiji. Lakini hayo tuyaache. Jioni mimi nashona, yeye anakaa kwenye kiti cha wateja ananitengea vifungo, na hapo ndipo alinisimulia habari za bendi yao.

"Baba, mwanzo tulikuwa wabaya sana," aliniambia.

Walianza vijana wa kiume wanne, chini ya jengo la ghorofa, ndani ya kijichumba watu walichowekea viazi vya kula majira ya baridi. Waliiga nyimbo za Kiingereza na Kiingereza hawakijui. Kupiga kwao ilikuwa kasi tu. Jambo hilo nililielewa mara moja, maana fundi kijana naye ni vilevile, anakanyaga pedali kama anayefukuzwa, mshono unakwenda kama njia ya mbuzi, na yeye anajiona hodari.

Yeye walimchukua kwa ajili ya sauti laini. Alikuwa ameimba kanisani na bibi yake. Kulikuwa na kijana wa kunguruma na yeye wa kuimba vizuri, kama pilipili na sukari. Kisha yule wa kunguruma akaenda Ujerumani kuweka vigae, akapata mke, hakurudi. Tamasha lilikuwa limekaribia. Mkamwana wangu akajaribu kunguruma akiwa anaosha vyombo jikoni, na mama yake akaangusha sahani. Kuanzia hapo sauti zote mbili zikawa zake.

Rekodi ya kwanza, mwenyewe anasema, ilisikika kama mtu aliyefungiwa ndani ya pipa. Ya pili walipunguza mbio. Wakamwalika mzee mmoja mwenye chombo cha nyuzi nyingi kinachopakatwa, ndugu yake inanga yetu, na msichana wa filimbi. Ya tatu wakaachana na Kiingereza kabisa, wakaimba kwa lugha ya bibi, nyimbo za mavuno, na chuma kizito chini yake. Washabiki wa zamani wakawatukana kwamba wamegeuka bendi ya harusi. Wengine wapya wakaja, wengi kuliko waliotukana. Wakazunguka nchi za jirani ndani ya kigari kimoja, wamelala juu ya spika.

Niseme ukweli. Mara ya kwanza aliponisikilizisha nilidhani mashine ya kusaga mahindi imekatika mkanda. Lakini nilisikiliza tena, na tena, na sasa kuna wimbo mmoja ambao mguu wangu huufuata wenyewe kwenye pedali. Msikitini sijasema.

Vita vikawatawanya. Mpiga ngoma akavaa sare ya jeshi. Mpiga gitaa yuko Poland. Wa gitaa la nyuzi nene amebaki na wazazi wake, wazee wasioweza kuhama. Hata hivyo walikuwa na rekodi mpya wanaitengeneza, kila mtu akituma kipande chake kwa mtandao, kama shati ambalo mikono imeshonwa nyumba hii na kola nyumba ile. Mwenye kuunganisha ni yule mpiga ngoma. Angefanya hivyo akipewa likizo.

Kipande kilichokosekana ni sauti ya mkamwana wangu.

"Baba, likizo yake iko karibu," alisema jioni moja. "Akirudi jeshini na sauti yangu haijafika, rekodi inalala. Na yeye..."

Alichagua vifungo vyeupe akavichanganya tena na vyeusi, halafu akaanza upya.

Shida ilikuwa kelele. Mtaa wetu una mafundi wa kuchomelea vyuma kushoto, pikipiki kulia, na watoto kila mahali. Nilikwenda sokoni Nyabugogo nikaleta trei za mayai, mwanangu akasema zikigongomewa ukutani zinameza sauti. Tukagongomea. Kelele hazikumezwa, ila wiki nzima watu walibisha hodi wakitaka mayai.

Basi mkamwana akafanya hesabu yake mwenyewe. Aliona kwamba Jumamosi ya mwisho wa mwezi, asubuhi ya umuganda, maduka yanafungwa, magari yanasimama, kila nyumba inatoa watu kwenda kazi ya pamoja. Mwanangu angekwenda kwa niaba ya nyumba. Yeye angebaki na Kigali iliyonyamaza kama msikiti baada ya swala. Hakutuambia. Alitaka kutushangaza.

Na alitushangaza. Sisi tulikuwa bondeni tunazibua mtaro. Mimi kwa umri wangu sishiki tena jembe, lakini naenda, nakaa juu ya jiwe natoa ushauri usioombwa. Nilikuwa namfundisha mtu namna ya kupanga mawe, na huyo mtu ni mwashi, ndipo sauti ilipotoka mlimani. Kwa kuwa hapakuwa na hata pikipiki moja ya kuifunika, ilishuka bonde zima. Kunguruma kwanza, halafu mlio mrefu kama wa mtu anayechinjwa.

Sasa, kwetu mtu akipiga induru, yaani akilia kuomba msaada, aliyesikia anakuja. Hakuna kuuliza kwanza. Mtaro mzima ukapanda mlima. Majembe, makoleo, mwanamke mmoja na karai bado lina udongo. Mimi peke yangu niliijua ile sauti. Nikapiga kelele, "Ni wimbo! Ni wimbo jamani!" Nani atamsikiliza mzee juu ya jiwe? Nilipofika kwangu ninahema, uani palikuwa pamejaa watu, na mkamwana wangu amesimama mlangoni, vipokea sauti vya masikioni vimemning'inia shingoni, mweupe kuliko alivyozaliwa.

"Yuko wapi anayekuua?" mkuu wa mudugudu wetu, yaani wa mtaa, alikuwa anamuuliza, koleo juu.

"Hakuna," alisema. "Naimba."

"Unaimba?"

"Ndiyo."

"Huo ni wimbo?"

Mtu mmoja akacheka, kisha ua mzima. Mwashi akaniambia, "Muzehe, ushauri wako wa mawe tutauchukua, ila wa kuchagua mkamwana, hapana."

Kwenye mkutano wa baada ya kazi jambo likaletwa. Mkuu akasema ni rahisi, itangazwe tu: induru ikitoka kwa fundi cherehani, watu wasije. Wengi wakaitikia. Ndipo akasimama mukecuru, bikizee jirani yangu wa ukuta kwa ukuta, mjane, ambaye kwenye mikutano huja kusinzia.

"Mimi nimeishi siku ambazo mtu alilia na watu wakafunga milango," alisema. "Mtaa huu hautatangaziwa kwamba kuna nyumba ambayo mtu akilia tusije. Hapana."

Mkamwana wangu, ambaye mwanangu alikuwa anamtafsiria sikioni, aliinamisha kichwa. Nilimsikia akimwambia taratibu, "Ana haki. Wacha rekodi ilale." Nami nikamfikiria yule kijana anayekuja likizo na kukuta shati lisilo na kola.

Mukecuru alikuwa bado hajakaa.

"Sijasema asiimbe. Aimbe. Mlangoni nitakaa mimi. Anayekuja mbio akiniona nimekaa, arudi. Akiniona nimesimama, aingie na jembe lake. Na mlango usifungwe. Mlango uliofungwa siuamini."

Mafundi wa vyuma nao wakakubali kupumzika saa za alasiri, kwa siku chache. Nikaning'iniza majora yangu yote ya kitenge kuzunguka chumba cha cherehani, magodoro ya nyumba nzima yakasimamishwa, na mukecuru akaleta kigoda chake na maharage ya kuchambua. Mngurumo wa kwanza ulipotoka alisema "Yezu wanjye!", Yesu wangu, kwa sauti kubwa mpaka wimbo ukabidi uanzwe upya. Wa pili akatikisa kichwa tu. Wa tatu akaninong'oneza:

"Anasema nini?"

"Ni wavunaji wanaitana kutoka shamba hadi shamba."

"Mbona amekasirikia mavuno?"

Watu walikuja, kweli walikuja. Mpita njia, dereva wa pikipiki, hata mwashi, ingawa huyo naamini alikuja kuangalia. Walifika getini mbio, wakamwona bikizee amekaa na ungo wake, wakarudi.

Sauti ikatumwa. Mpiga ngoma akaipata akiwa bado nyumbani. Alipiga simu, nikamwona kwa mara ya kwanza, amenyolewa kipara, anacheka kama mtu anayejifunza tena. Mkamwana akanitafsiria.

"Anasema wimbo wa mwisho, pale penye kimya, nyuma yake kuna kitu. Ta, ta, ta. Kama mvua inaanza. Anauliza atoe?"

"Mwambie ni nini," nikasema.

Akamweleza kila kitu, induru, majembe, kigoda, maharage yanayodondoka kwenye ungo, mlango usiofungwa. Alieleza muda mrefu. Yule kijana aliacha kucheka, akajipangusa uso kwa kiganja, akasema neno moja.

"Anasema ibaki."

Alirudi jeshini na rekodi imekwisha. Huandika bado, alhamdulillahi, na juzi aliulizia maharage.

Mukecuru sasa ana ule wimbo kwenye simu. Wageni wake wote lazima wausikilize. Huvumilia kunguruma amefumba macho, na kimya kile kikifika anainua kidole.

"Hapo! Hapo! Ni mimi huyo." Kisha huongeza, kwa kuwa hawezi kujizuia: "Na yalikuwa maharage mabovu yale, ya kutoka Kabuga. Ningejua ningenunua mazuri."