Filamu ya Mama Pasi

Ilibaki nusu saa milango ya ukumbi ifunguliwe, na Mama Pasi alikuwa bado ameshika ufagio katika chumba cha mashine, kama aliyepigiliwa msumari sakafuni.

"Rudia," alimwambia fundi wa mashine ya sinema.

"Dada yangu, nimeshakusomea mara mbili."

"Rudia. Mimi shule niliipita kwa nje tu."

Fundi akausogeza mkanda karibu kabisa na macho. "Imeandikwa: Alimtupa mtoto, akamkimbilia hawara wake."

Miaka ishirini na mbili nyuma, alipokuwa akipiga pasi nguo za watu, rafiki wa mumewe alimfuata na kamera siku tisa. Eti filamu ya maisha ya mwanamke. Siku ya tisa mume alimfukuza, wifi akampakia mtoto garini, na kamera haikuacha kuzunguka. Filamu haikuwa na sauti. Maneno waliyaandika rafiki huyo na wifi baadaye, mezani kwao, yeye hakuulizwa. Na leo wifi huyohuyo anamleta binti aje ajionee mama aliyemtupa.

"Yakate," alisema.

"Nifukuzwe kazi?"

"Basi geuka, usione."

Tangu macho ya fundi yaanze kumtupa mkono, Mama Pasi ndiye aliyemuungia mikanda iliyokatika. Kusoma hajui, lakini maneno anayatambua: vipande vyeusi vyenye safu nyeupe, kama chawa kwenye mshono. Akamulika mkanda kwenye taa, akakata. Akakwangua, akapaka gundi, akabana, akahesabu hadi kumi. Kipande cha pili. Cha tatu. Nje watu wakaanza kugonga. Jasho likadondoka karibu na gundi. Lingeingia, mkanda ungeachia mbele ya watu wote.

"Harakisha, dada, utaniua!"

Taa zilipozimwa, alisimama nyuma kabisa, mgongo ukutani. Kwenye kitambaa cheupe mwanamke kijana alikimbia peku nyuma ya gari, mdomo wazi. Hakuna neno lililokuja kumsemea. Ndani ya gari, mtoto alipiga kioo cha nyuma kwa viganja vyote viwili.

Binti akasogea ukingoni mwa kiti.

"Shangazi, yule mtoto si mimi? Gauni lile nimelivaa kwenye picha ya sebuleni kwako."

"Tazama filamu, mwanangu."

"Natazama. Mbona mama analikimbilia gari letu?"

Shangazi mtu akaanza kupekua pochi. Binti akasimama, kivuli chake kikaziba nusu ya picha.

"Nakuuliza wewe, shangazi."