Maji ya Kupiga Teke

Sisi watoto wa Newala hatukuzaliwa kuogelea. Nyumbani tulioga kwa kata moja ya maji, na ukimwaga kidogo unachapwa, kwa sababu mama ameyafuata bondeni tangu alfajiri. Sasa niambie, mtoto kama huyo unamtia katika bwawa la shule ya misheni kule Masasi, eti akashindane Lindi!

Pumzi nilikuwa nayo kuliko wenzangu wote, ila miguu haikupiga. Mwalimu wetu wa mazoezi, mtu wa pwani, alizunguka ukingoni akifoka: "Piga maji! Mbona unayabembeleza?" Wenzangu walicheka mpaka wakashika mbavu. Akaniambia nisipobadilika wiki ile, nafasi yangu anampa mwingine. Nami niliitaka Lindi jamani, niliitaka mpaka nikakosa usingizi.

Mwaka ule mvua ziligoma. Bwawa lilipungua, na kinamama wa jirani walikaa na mitungi yao wakingoja tumalize, tope litulie, ndipo wateke. Bwawa ni la misheni, nani angelalamika?

Siku ya kuchaguliwa nilijirusha kutoka ukutani, nikapiga maji kwa hasira, yakaruka hadi ukingoni. Nikawa wa kwanza. Natoka nacheka, namwona mama yangu! Alikuwa amepanda lori kuja kunitazama, akaketi kati ya wale kinamama kungoja maji ya kunywa baada ya safari. Khanga yake ilikuwa imerukiwa na matope yangu.

"Shikamoo, mama."

Alichota yale maji mekundu kwa kata, akayatazama, akanywa. Kisha akasema, "Marahaba." Nilimchukia siku ile, na nilijichukia zaidi.

Lindi nilikwenda. Bahari yote ile, maji asiyoyanywa mtu, na miguu yangu ikakataa katakata. Mwalimu alipiga kelele mpaka sauti ikamkauka. Nilifika wa mwisho.

Likizo ilipofika nilimweleza mama jinsi miguu ilivyonikatalia. Kesho yake asubuhi nilikuta uani debe la maji limejaa pomoni.

"Oga," akasema. "Leo yamwage utakavyo."

Miguu yake ilikuwa na vumbi la bondeni mpaka magotini. Nilisimama mbele ya debe lile nikalia, nisithubutu kutia mkono.